Mganga Hajigangi

Lugha yetu imeridhika kukiita kwa jina moja kitu kimponyacho mgonjwa na kitu kimwuacho mzima. Maana mama amnyweshaye mwanawe dawa ya homa, na kijana anunuaye kete ya dawa kichochoroni, wote wawili hutumia neno lile lile, na msikizaji hutambua kwa mahali na saa tu ni yupi kati yao atafutaye uzima na ni yupi anayelijongelea kaburi. Wala jambo hili si letu peke yetu. Waarabu waliita tiryaki dawa ya kuondolea sumu, na kwa kuwa mchanganyiko huo wa kale, uliosifiwa na matabibu tangu zama za Warumi, ulitiwa afyuni ndani yake, Waajemi wakalitwaa neno hilo wakaiita afyuni yenyewe taryaki. Neno moja likasafiri, likashuka bandari moja kwa maana ya kinga na bandari ya pili kwa maana ya kile kinachotakiwa kukingwa.

Nimeyatanguliza haya kwa sababu historia ninayokusudia kuisimulia ni ya dawa mbili zilizozaliwa katika maabara mbalimbali, zikipishana kwa muda wa kama mwaka mmoja, ya kwanza ikiwa na uwezo wa kuizima pumzi ya binadamu na ya pili ikiwa na uwezo wa kuirudisha. Nayo ni historia ya jinsi ile ya kwanza ilivyotoroka hospitalini ikaenea duniani, na jinsi ya pili ilivyochelewa kufunguliwa mlango ili iifuate.

Katika kijiji cha Beerse, kaskazini mwa Ubelgiji, alikuwako tabibu kijana aliyeitwa Paul Janssen, mzaliwa wa mji wa jirani wa Turnhout mwaka 1926, ambaye baba yake alikuwa tabibu na mfanyabiashara ya dawa, naye mwaka 1953 akaanzisha maabara yake mwenyewe kwa azma ya kuvumbua dawa mpya badala ya kuuza zilizovumbuliwa na wengine. Tangu Mjerumani Sertürner alipoitenga mofini kutoka katika utomvu wa afyuni mwanzoni mwa karne ya 19, dawa kuu za kutuliza maumivu zilikuwa zimefungamana na shamba, zikingoja mvua, mavuno na merikebu. Lakini Wajerumani, muda mfupi kabla ya Vita Kuu ya Pili, walikuwa wameitengeneza pethidini bila kuhitaji hata ua moja. Janssen aliichunguza pethidini hiyo, akaona kwamba umbo lake lilikuwa sahili kuliko lile la mofini, na kwamba likigeuzwa kidogo hata likayeyuka kwa wepesi katika mafuta, litaweza kuupenya ubongo kwa haraka zaidi. Akajaribu umbo baada ya umbo, na mwaka 1960 akaipata fentanili, dawa yenye nguvu mara 50 hadi 100 kuliko mofini.

Kwa wapasuaji ilikuwa neema kubwa, kwa kuwa iliwahi kutuliza, ikawahi kuondoka, nayo ikawawezesha kufanya pasuo ndefu, hata za moyo, bila kuutikisa mno mwili wa mgonjwa. Hata hivyo, ndani ya ubongo wetu maumivu na pumzi vina milango miwili ifungwayo kwa ufunguo mmoja, na mkono unaoufunga mlango wa kwanza ukizidisha nguvu kidogo tu huufunga na wa pili. Kwa sababu hiyo mtu aliyepewa fentanili hospitalini hakuachwa peke yake hata dakika moja: kichwani pake aliketi mtaalamu wa dawa ya usingizi, jicho lake likiwa kifuani pa mgonjwa na mkono wake karibu na mfuko wa hewa, na kazi yake ilikuwa kumpumulia yule ambaye kwa saa ile hakuweza kujipumulia. Msomaji na amkumbuke mlinzi huyu, kwa maana dawa hii haikupata kuwa salama siku yoyote kwa nafsi yake. Ilikuwa salama kwa sababu ya mtu aliyeketi kando.

Ng'ambo ya Atlantiki, wakati huo huo, mwanakemia aliyeitwa Jack Fishman alikuwa akifanya kazi katika maabara ndogo ya mtaa wa Queens, jijini New York. Alizaliwa Poland mwaka 1930, akakimbizwa na wazazi wake mbele ya majeshi ya Hitler hata Shanghai, na baada ya vita akaingia Marekani. Yeye na mkuu wake, Mozes Lewenstein, waliitwaa oksimofoni, ambayo ni jamaa wa mofini mwenye nguvu zaidi yake, wakakiondoa kipande kimoja kidogo cha umbo lake na kuweka kingine mahali pake. Na mabadiliko hayo madogo yakaigeuza tabia yake yote. Naloksoni, kama ilivyoitwa, iliingia katika tundu lile lile la kufuli lililozoea kupokea mofini, ikaifukuza mofini iliyokuwamo, ikakaa pale bila kuuzungusha ufunguo: haikuleta ulevi, haikutuliza maumivu, haikumdhuru asiyekuwa na afyuni mwilini. Ombi la hati ya uvumbuzi lilipelekwa mwaka 1961, na mwaka 1971 serikali ya Marekani ikatoa idhini itumike kwa waliozidiwa. Wahenga wetu waliposema kwamba dawa ya moto ni moto hawakumjua Fishman, lakini kama wangalimjua, wasingalipata mfano bora.

Hapo ndipo njia za dawa hizi mbili zilipoachana. Naloksoni ikafungiwa makabatini mwa hospitali na ndani ya magari ya wagonjwa, kwa hoja kwamba ni dawa ya sindano na kwamba sindano ni ya tabibu. Ilhali fentanili ilikuwa imekwisha kutoka kwa mlango wa nyuma. Mwaka 1979, katika jimbo la California, watu walianza kufa wakiwa na dalili zote za heroini na bila heroini yoyote katika damu yao. Muda ulipita kabla ya wapimaji kugundua kwamba mwanakemia asiyejulikana ameligeuza kidogo umbo la fentanili, akapata dawa ambayo sheria haikuwa imeitaja na kwa hiyo haikuwa imeikataza. Sheria ikarekebishwa, naye akabadili umbo tena. Ukaanza mchezo wa paka na panya ambao haujakwisha hata leo, na ambao ndani yake panya ana kasi kuliko paka kwa sababu paka hungoja bunge likutane.

Mwaka 1996, mjini Chicago, kikundi cha watu waliokuwa wakizunguka kwa magari mitaani wakiwapa wajidungao sindano safi ili wasiambukizane UKIMWI kilipatwa na msiba wa nyumbani, pale mmoja wa waasisi wao alipokufa kwa kuzidiwa na heroini. Kiongozi wao, Dan Bigg, aliona kwamba dawa ya kuzuia kifo cha namna hiyo ilikuwako tangu miaka 25 nyuma, ya bei nafuu, isiyolevya, na kwamba iliyokosekana ilikuwa safari moja fupi tu, kutoka kabatini hata mfukoni mwa yule ambaye rafiki yake angeanguka. Akatafuta chupa, akapata matabibu waliokubali kuwaandikia watumiaji, akazitia chupa hizo garini pamoja na sindano. Kanuni ya kikundi chake, Chicago Recovery Alliance, ilikuwa ya maneno machache: badiliko lolote lililo jema lipokewe kwa furaha. Hawakumwuliza mtu ataacha lini, bali walimwuliza kama yu hai, na kama angependa kesho awe hai pia.

Yafaa tulitazame kwa karibu tendo lenyewe walilolifundisha pale mlangoni mwa gari, kwa kuwa ndilo kiini cha habari yote. Mtu aliyezidiwa hapigi kelele, wala hatapitapi. Hutulia, akakoroma kwa sauti nzito ya majimaji ambayo asiyejua huidhania usingizi mnono, na watu wakapunguza redio ili wasimwamshe. Midomo huanza kugeuka rangi, kijivu kwa mweusi na samawati kwa mweupe, na kucha hufuata. Mwenzake humwita kwa jina, husugua kwa nguvu mfupa wa kifua chake kwa vifundo vya ngumi, na asipoitika hutuma mtu akaite gari la wagonjwa, huinua kidevu chake njia ya hewa ifunguke, humpulizia pumzi moja kila baada ya sekunde 5, kisha humdunga naloksoni pajani, au siku hizi humpulizia puani. Hungoja dakika 2 au 3, ambazo wote waliowahi kuzingoja husema ni ndefu kuliko mchana wa mfungo. Pumzi isiporudi, hurudia. Anayeamka haamki na shukrani: huamka katika arosto, akitetemeka na kutapika, mara nyingine akigomba kwa nini ameharibiwa starehe yake. Na hapo kazi haijakwisha, kwa sababu naloksoni hukaa mwilini kati ya dakika 30 na 90, na sumu huweza kuishi zaidi yake. Hivyo mwokozi hana budi kumlaza mwenzake kiubavu na kuketi naye. Kwa tendo hili, yule mlinzi aliyekuwa akiketi kichwani pa mgonjwa hospitalini alikuwa amepatikana tena, kichochoroni, akiwa amevaa viatu vilivyochakaa.

Wengi walicheka, na wengine wakakasirika, wakidai kwamba mlevi hawezi kuaminiwa na sindano ya kumwokoa mlevi. Taarifa iliyotolewa baada ya miaka kama 10 ilionyesha kwamba chupa zaidi ya 3,500 zilikuwa zimegawiwa Chicago, na kwamba watu 319 walikuwa wameripotiwa kurudishwa kutoka ukingoni mwa mauti; na hesabu ya nchi nzima ya Marekani, tangu 1996 hata katikati ya 2014, ilipata watu 152,283 waliopewa dawa hiyo na kufundishwa, na maisha 26,463 yaliyorudishwa. Waliofanya hayo hawakuwa waganga bali wale wale walioitwa mateja.

Hata hivyo, dunia kwa jumla haikuwa tayari kulipokea somo hilo, na mwaka 2002 ulilithibitisha jambo hilo mara mbili. Talibani walipopiga marufuku kilimo cha afyuni huko Afghanistan mwaka 2000, mavuno yaliyofuata yaliporomoka, na heroini ikaadimika katika nchi nyingi, mojawapo Estonia, nchi ndogo ya Baltiki yenye watu wasiofikia milioni 1 na nusu. Wauzaji hawakufunga biashara. Pengo lililoachwa na ua likajazwa na maabara, na fentanili ikawa bidhaa ya kawaida huko miaka kama 10 kabla ya kuenea hivyo Marekani. Mwaka huo huo wa 2002, mwezi Oktoba, majeshi ya Urusi yalimwaga mvuke ndani ya ukumbi wa tamthilia mjini Moscow ambamo mamia ya watu walikuwa wameshikwa mateka, na mateka wapatao 130 wakafa. Watafiti wa Uingereza walikuja kugundua, katika nguo na mkojo wa walionusurika, kafentanili na remifentanili, ndugu wa fentanili. Matabibu waliowapokea hawakuwa wameambiwa ni mvuke gani, na wengi wa wahanga walilazwa chali, ndimi zao zikirudi kooni. Dawa ilikuwako duniani, na tendo la kumgeuza mtu kiubavu halihitaji hata senti. Kilichokosekana ni mtu mwenye habari, kando ya kila aliyelala.

Mwaka uliofuata, 2003, kijana mmoja alikufa Marekani kwa kuzidiwa na heroini, kama walivyokufa maelfu wengine, nami nisingalimtaja lau asingalikuwa mtoto wa mke wa Jack Fishman. Dawa iliyotoka katika mikono ya baba yake wa kambo ilikuwa imepata idhini miaka 32 kabla ya siku ile, lakini desturi ya wakati ule haikuwa kuwapa jamaa wa mtumiaji wakaiweka nyumbani, hata jamaa wa mvumbuzi mwenyewe.

Yaliyofuata yalikuwa kama maji ya masika, ambayo huanza kwa kudondoka. Kati ya 2005 na 2007, fentanili iliyochanganywa na heroini iliua watu wasiopungua 1,013 katika Chicago, Detroit, Philadelphia na sehemu nyingine chache za Marekani. Maabara moja iliyofungwa huko Toluca, Meksiko, mwezi Mei 2006, ilidhaniwa kuwa chemchemi yake, na vifo vikapungua hata watu wakadhani shari imekwisha. Kumbe ilikuwa imetangulia kubisha tu. Mwaka 2013 dawa za namna hii zilikatisha maisha ya watu wapatao 3,100 Marekani, na mwaka 2021 zilikatisha maisha ya watu zaidi ya 70,000. Sababu yake si siri kwa yeyote aliyewahi kufanya biashara: mzigo unaohitaji gunia ukiwa heroini huingia katika bahasha ukiwa fentanili, na bahasha haina harufu, haina msimu, haihitaji shamba. Lakini kipimo ambacho huweza kumwua mtu, yaani miligramu 2 hivi, ni kama chembe chache za chumvi, na mchanganyaji wa kichochoroni hana mizani ya kutofautisha chembe na chembe. Hivyo katika pakiti moja mnunuzi hupata unga, na katika pakiti ya pili, iliyotoka mkononi mwa mtu yule yule, hupata kifo.

Mji wa Vancouver, Kanada, ulijaribu njia iliyo wazi zaidi. Tangu Septemba 2003 palikuwa na nyumba iitwayo Insite, ya kwanza ya halali katika Amerika ya Kaskazini, ambamo mtu aliruhusiwa kujidunga dawa aliyokuja nayo mwenyewe mbele ya macho ya mwuguzi. Serikali kuu ilitaka kuifunga, lakini mwaka 2011 majaji wote 9 wa Mahakama ya Juu ya nchi hiyo waliamua ibaki. Na ingawa maelfu walizidiwa ndani yake, waliangukia mikononi mwa wanaojua, wala hakuna aliyekufa humo. Aprili 2016 jimbo ulimo mji huo likatangaza hali ya hatari kwa sababu ya fentanili, na miezi michache baadaye wanawake wawili, Ann Livingston na Sarah Blyth, walipoona kwamba nyumba moja haiwatoshi wanaoanguka, walisimamisha hema katika uchochoro bila kungoja kibali cha mtu. Desemba mwaka huo kibali kikawafuata. Ila wapimaji wa maiti katika jimbo hilo waliendelea kuandika jambo moja mwaka baada ya mwaka, kwamba walio wengi hawafi barabarani mbele za watu. Hufia ndani ya nyumba, nyuma ya milango.

Dan Bigg naye akawa miongoni mwa wafiao ndani. Mwezi Agosti 2018 alikutwa amekufa nyumbani kwake Chicago, na uchunguzi ukaonyesha heroini na fentanili miongoni mwa vilivyomwua. Waliokuwa wakimpinga huenda waliona hoja katika kifo hicho. Mimi naona methali. Mganga hajigangi, wala aliyekata pumzi hana mkono wa kujifungulia chupa, hata iwe mchagoni mwa kitanda chake. Mtu aliyezipeleka chupa kwa maelfu alikosa, kwa saa moja, mtu mmoja.

Pwani yetu haimo nje ya habari hii. Wazee wa Kiswahili walikuwa na neno kasumba kwa afyuni kabla halijahamia katika fikra, na unga ulipoanza kuingia kwa majahazi na ndege tangu miaka ya 1980, Dar es Salaam, Unguja, Mombasa, Malindi na Lamu ziliwaona vijana wake wakisinzia wima vijiweni. Tiba iliyokuja baadaye nayo ilikuwa moto wa kuzima moto: methadoni, dawa ya maabara iliyobuniwa Ujerumani kabla ya Vita Kuu ya Pili, hunywewa kila siku mbele ya mwuguzi ili arosto isimkimbize mtu kwa muuzaji. Februari 2011 Hospitali ya Muhimbili ikafungua kliniki yake, ya kwanza kwa Tanzania bara, na Kenya ikafuata mwishoni mwa 2014. Anayekwenda asubuhi huona foleni ya watu walionyoa, waliofua nguo, wakiulizana hali. Na asiyefika siku mbili huulizwa. Swali hilo, la fulani yuko wapi, ni sehemu ya dawa.

Nalo litahitajika zaidi, kwa sababu maabara hazilali. Estonia ilipofikia vifo 170 hivi mwaka 2012, idadi kubwa kuliko zote Ulaya kwa kulinganisha na watu wake, ilianza mwaka uliofuata kuwagawia watumiaji na jamaa zao naloksoni, na polisi wake wakavunja maabara, hata vifo vikashuka chini ya 30 mwaka 2019. Kisha zikaja nitazini, dawa zilizobuniwa Uswisi katika miaka ya 1950 na kuachwa bila kutumika, na hesabu ikapanda tena. Nitazini hizo hizo zimekutwa ndani ya kushi, moshi ambao mwezi Aprili 2024 uliifanya Sierra Leone itangaze hali ya hatari. Na Marekani, ambako naloksoni ya kupuliza puani iliruhusiwa kuuzwa dukani bila cheti mwaka 2023, vifo vya kuzidiwa vya kila namna vimeanza kushuka, kutoka zaidi ya 100,000 hata 80,000 hivi mwaka 2024, idadi ambayo ingalikuwa msiba wa kutisha kama isingalitanguliwa na iliyo kubwa zaidi.

Adabu ya pwani hutufundisha kupiga hodi mara tatu, na asipoitika mwenye nyumba kurudi tulikotoka, maana huenda ana faragha yake. Ni adabu njema, nami nimelelewa nayo. Lakini kwa kijana ambaye mtaa wote unajua anachokifanya, na ambaye kwa kuona haya amejifungia ili asitazamwe, ukimya wa baada ya hodi ya tatu si faragha. Basi na ipigwe ya nne, na mlango usukumwe.